Jina Katika Daftari



Wahenga walisema, "Mali bila daftari hupotea bila habari." Mwenye duka ayajua maneno haya vema. Kila jioni, kabla hajafunga mlango, huandika kilichoingia na kilichotoka, nani amelipa na nani amekopa. Maana ajua kwamba asipoandika leo, kesho atabishana na wateja wake, na kesho kutwa atafilisika. Mfugaji naye halali kabla ya kuhesabu ng'ombe wake zizini. Basi ikiwa mali yahesabiwa hivi, mtu je? Mtoto aliyezaliwa usiku wa kuamkia leo ni bora kuliko magunia yote yaliyomo dukani. Nani amemwandika?

Jioni hii nataka kuwaeleza habari za daftari la namna nyingine, yaani daftari la watu: waliozaliwa, waliooana na waliokufa. Nitawaeleza lilivyoanza, lilivyoogopwa, na jinsi ulivyopita muda mrefu mno kabla daftari hilo halijakubali kupokea jina la kila mtu.

Msidhani ya kuwa wazee wetu hawakuwa na hesabu. Bibi akiulizwa umri wa mwanawe hakutaja tarehe, bali alisema, "Nilimzaa mwaka wa nzige," au "Alikuwa anatambaa ilipokuja ile njaa kubwa." Watu wa kusini ya Tanganyika walihesabu tangu Vita vya Maji Maji, vilivyoanza mwaka wa 1905, na wengine tangu vita vya Waingereza na Wadachi, vya mwaka wa 1914 hata 1918. Vijana waliotahiriwa pamoja walijuana kuwa ni rika moja hata uzeeni. Arusi nayo ilikuwa na mashahidi wake: walioleta mahari, waliopokea mahari, na waliokula wali. Kumbukumbu ya namna hii ilitosha mahali ambapo kila shahidi alikuwa jirani.

Lakini kumbukumbu ina ila mbili. Ya kwanza, hufa pamoja na mwenye nayo. Ya pili, haisafiri. Mtu akitoka kwao akaenda Mombasa au Dar es Salaam kutafuta kazi, hawezi kumchukua bibi yake mfukoni ili amshuhudie. Siku ya kuulizwa, "Wewe ni mwana wa nani? Una umri gani? Mama huyu aliolewa kweli na marehemu?" ndipo mtu mwenye haki huonekana kama mwongo, kwa kuwa hana shahidi. Haja hiyo ya kupata shahidi asiyekufa ndiyo iliyozaa daftari la watu.

Habari yenyewe nitaianzia mbali kidogo, huko Uingereza. Sababu ni mbili. Kwanza, sheria za madaftari haya zilizowekwa Kenya na Tanganyika katika siku za ukoloni zilifuata mfano wa huko. Pili, Waingereza wenyewe waliliogopa daftari lao kwa muda wa miaka mingi, wala hawakuliogopa bure.

Katika mwezi wa Septemba mwaka wa 1538, Thomas Cromwell, waziri mwenye nguvu wa Mfalme Henry wa Nane, alitoa amri kwa makanisa yote ya nchi. Kila kanisa liwe na kitabu. Na kila Jumapili kasisi aandike humo ubatizo, arusi na mazishi yote ya juma lililopita, mbele ya mzee wa kanisa. Kitabu hicho kitunzwe katika sanduku madhubuti lenye kufuli mbili: ufunguo mmoja akae nao kasisi, wa pili wakae nao wazee wa kanisa, ili mmoja asiweze kulifungua peke yake akabadili maneno. Na kasisi atakayesahau kuandika atozwe faini ya shilingi tatu na senti nne za fedha za huko. Mwaka wa 1598 ikaamriwa kwamba vitabu viwe vya ngozi, si vya karatasi inayooza, na kila mwaka nakala ipelekwe kwa askofu. Mwaka wa 1603 kufuli zikawa tatu.

Watu wakauliza, "Kwa nini mfalme ataka kujua siku nilipozaliwa mimi mlima shamba?" Wakajijibu wenyewe kwamba hapana lingine illa kodi. Neno likaenea mashambani ya kuwa hivi karibuni hapana mtu atakayebatizwa, wala kuoa, wala kuzikwa, bila kulipa. Cromwell hakuweka kodi hiyo. Lakini miaka zaidi ya 150 baadaye hofu ile ilitimia. Serikali ilikuwa katika vita na Ufaransa, fedha zikapungua. Basi kwa sheria ya mwaka wa 1694 ikatoza kodi juu ya kuzaliwa, kuoa na kuzikwa. Hata mwanamume aliyepita miaka 25 naye hajaoa alitozwa kwa ujane wake. Kodi hiyo ilidumu mpaka mwaka wa 1706. Tena mwaka wa 1783 ikaja kodi nyingine ya senti tatu juu ya kila jina lililoandikwa, isipokuwa la fukara. Ikafutwa mwaka wa 1794. Kwa hiyo, ndugu msikilizaji, mtu wa kijijini anayemtazama karani wa daftari kwa jicho la shaka si mjinga. Amerithi shaka yenye sababu.

Madaftari hayo ya kanisa yalikuwa na upungufu mwingine. Yaliandika watu wa kanisa la serikali tu. Wakristo wa madhehebu mengine hawakupenda kuwapeleka watoto wao kubatizwa huko, na hivyo watoto wao hawakuandikwa. Kwa sheria ya mwaka wa 1753, arusi zote ilibidi zifanywe katika kanisa la serikali, isipokuwa zile za Wayahudi na za Wakristo waitwao Quakers. Mkatoliki aliyetaka ndoa yake itambuliwe na sheria alilazimika kufungishwa na kasisi asiye wake.

Kisha vikaja viwanda, na hapo ndipo upungufu wa daftari ulipoonekana kuwa ni jambo la uhai. Watoto wadogo wa maskini walifanyishwa kazi katika viwanda vya nguo tangu alfajiri hata usiku. Mwaka wa 1833 Bunge likatunga sheria ya kuwalinda: mtoto asiyetimiza miaka 9 asiajiriwe kabisa katika viwanda hivyo, isipokuwa vya hariri, na aliye chini ya miaka 13 asipitishe saa 9 za kazi kwa siku. Ilikuwa sheria njema, lakini nani atathibitisha umri wa mtoto ambaye hakuandikwa popote? Ikabidi mganga amtazame mtoto, kisha aandike cheti kwamba ana nguvu na umbo la mtoto wa kawaida wa miaka 9. Mtazameni mtoto huyo amesimama mbele ya mganga, mwembamba kwa njaa au mrefu kwa bahati, naye hawezi kujisemea. Mwenye kiwanda ataka mikono, mzazi fukara ataka mshahara, wote wawili wasema, "Amekwisha timiza." Sheria ilikuwapo, lakini bila daftari ilikuwa kama panga lisilo mpini.

Mwaka wa 1836 Bunge likapitisha sheria mbili, na tangu tarehe 1 Julai 1837 Uingereza na Wales zikawa na ofisi za serikali za kuandikisha kuzaliwa, ndoa na vifo, za watu wa dini zote na wasio na dini. Nchi iligawanywa katika wilaya, zikifuata ile mipaka iliyokwisha kuwekwa kwa ajili ya kuwatunza maskini. Kila wilaya ilipata mwandikishaji wake, na kila miezi mitatu nakala za majina zilipelekwa London kwa Mwandikishaji Mkuu. Wa kwanza kushika kazi hiyo alikuwa Thomas Henry Lister, mtu aliyejulikana zaidi kwa kutunga hadithi. Waliotaka kuoana sasa waliweza kufunga ndoa mbele ya mwandikishaji, bila kwenda katika kanisa lisilo lao. Hata hivyo sheria hiyo haikuwashurutisha wazazi kwenda kuandikisha kwa hiari yao wenyewe, na watoto wengi waliachwa nje. Illa kwa sheria ya mwaka wa 1874, iliyoanza kutumiwa mwaka uliofuata, mzazi aliamriwa kwenda mwenyewe katika muda wa siku 42, na kifo kikahitaji cheti cha mganga kutaja sababu yake.

Sababu ya kifo! Hapa daftari lilitoa faida ambayo hata Cromwell hakuiota. Katika ofisi ile ya London alifanya kazi William Farr, mganga aliyezaliwa katika nyumba ya mtumishi maskini wa shamba. Yeye aliyapanga majina ya wafu kwa mahali walipokufa na kwa maradhi yaliyowaua, akaonyesha wazi kwamba katika mitaa fulani ya miji watu wafa mapema kuliko mashambani. Kila juma ofisi yake ilitangaza hesabu ya vifo vya London.

Katika siku za mwisho za Agosti mwaka wa 1854, kipindupindu kikaingia kwa ghafula mtaa wa Soho mjini London. Mganga mmoja, John Snow, alishuku kwamba ugonjwa huo waletwa na maji machafu, ambapo waganga wengi waliamini kwamba waletwa na harufu mbaya. Akaenda katika ofisi ya Mwandikishaji Mkuu akaomba orodha ya waliokufa kwa kipindupindu juma lile katika mitaa ile. Akachunguza majina 83, na nyumba walimofia. Akashika orodha mkononi akazunguka kwa miguu. Karibu wote walikufa jirani na bomba moja la maji katika njia iitwayo Broad Street. Kumi tu walikaa karibu zaidi na bomba jingine; naye akabisha milango yao. Jamaa za watano wakasema kwamba daima walituma watu kuteka maji Broad Street. Na wengine watatu walikuwa watoto waliosoma shule karibu na bomba lile. Snow akawaeleza wakubwa wa mtaa, na tarehe 8 Septemba mpini wa bomba ukaondolewa. Ugonjwa ulikuwa umeanza kupungua, kwa maana watu wengi walikwisha kimbia. Lakini tangu hapo wanadamu walikuwa na ushahidi mzito juu ya hatari ya maji machafu.

Tafadhali lifikirini jambo hili. Wale 83 hawakuwa mabwana wakubwa. Wengi walikuwa mafundi, vibarua, wake zao na watoto wao. Kama daftari lingaliandika vifo vya matajiri peke yao, Snow asingalipata orodha yake. Daftari la wachache ni kama taa iliyofunikwa kwa pishi: humwangazia aliyeifunika tu.

Sasa turudi kwetu, maana neno hilo ndilo lililotupata. Katika nchi ambayo leo ni Kenya, kanuni za kuandikisha kuzaliwa na kufa ziliwekwa mwaka wa 1904, nazo ziliwalazimu Wazungu na Wamarekani tu. Sheria nyingine ilitungwa mwaka wa 1928, lakini Waafrika, waliokuwa wengi kuliko wote, hawakulazimishwa kuandikisha watoto wao. Tanganyika ilitungiwa sheria yake mwaka wa 1920, na huko pia shurti ilikuwa kwa Wazungu na Waasia. Mwafrika aliachiwa hiari, na hiari isiyo na ofisi karibu ni sawa na katazo.

Je, serikali hizo hazikujua kuhesabu Waafrika? Zilijua sana. Wadachi walianza kutoza kodi ya nyumba katika Tanganyika mwaka wa 1898, na nyumba zikahesabiwa moja moja. Katika Kenya, sheria ya mwaka wa 1915, iliyoanza kutumiwa baada ya Vita Kuu ya Kwanza, ilimtaka kila mwanamume mzima wa Kiafrika aandikwe, apigwe alama za vidole, na kuchukua kipande, ambacho wengi walikivaa shingoni ndani ya kijaluba cha bati. Humo mliandikwa jina la bwana aliyemwajiri na siku alipoacha kazi. Kwa hiyo mtu aliandikwa alipokuwa tayari kufanya kazi na kulipa kodi. Alipozaliwa hakuandikwa, na mama yake hakuandikwa kabisa. Watu walikichukia kipande kwa haki, na sheria yake ilifutwa mwaka wa 1947, ikaja badala yake sheria ya kuandikisha watu wa rangi zote. Lakini chuki ile iliacha kovu: neno "kuandikwa" likawa laonja kama neno "kukamatwa".

Si kwamba hapakuwa na maandishi yoyote. Misheni zilikuwa na vitabu vyao vya ubatizo na vya ndoa, na wengi walioulizwa umri wao uzeeni walikwenda kuomba nakala kwa padre. Pwani, makadhi walikuwa na madaftari ya ndoa na talaka. Kenya ilitunga sheria ya kuandikisha ndoa na talaka za Waislamu mwaka wa 1906. Lakini yule asiyebatizwa, wala kuozwa na kadhi, aliishi na kufa bila herufi moja ya jina lake kuandikwa, isipokuwa katika orodha ya kodi.

Mabadiliko yalikuja pamoja na uhuru. Kenya ilianza mwaka wa 1963 kulazimisha kuandikishwa kwa watu wote, wilaya baada ya wilaya, hata mwaka wa 1971 sheria ikaenea nchi nzima. Tanzania Bara ilianza mwaka wa 1966 kuieneza sheria yake kwa watu wote, nayo kwa hatua. Sheria ya Ndoa ya Tanzania ya mwaka wa 1971 ikazikusanya ndoa za Kikristo, za Kiislamu, za kimila na za serikali chini ya paa moja, na kuagiza kwamba zote ziandikishwe. Kenya iliweka agizo kama hilo, na la ndoa za kimila pia, kwa sheria ya mwaka wa 2014. Leo Kenya, kuzaliwa au kifo kilichotokea nyumbani hupelekewa habari naibu wa chifu, na kilichotokea hospitalini huandikwa huko huko. Tanzania Bara ina Wakala wa Usajili, Ufilisi na Udhamini, uliozinduliwa mwaka wa 2006. Na tangu mwaka wa 2013, kuanzia Mbeya, mpango ulianzishwa wa kuwaandikisha watoto walio chini ya miaka mitano bila malipo, katika zahanati na ofisi za kata, karibu na nyumbani kwao.

Msikilizaji wangu atasema, "Mimi nimeishi miaka sitini bila cheti, na jua huniwakia kama lile liwakialo wengine." Ni kweli. Cheti hakiongezi siku za mtu. Lakini mfikirie mjane ambaye mumewe amefariki mjini. Ndugu za marehemu wanakuja kudai shamba, na mmoja wao asema, "Huyu hakuwa mke, alikuwa rafiki tu." Mashahidi wa mahari wamekwisha kufa. Mbele ya hakimu machozi si ushahidi, lakini mstari mmoja katika daftari la ndoa ni ushahidi. Mfikirie pia binti ambaye mjomba wake ataka kumwoza, akisema ya kuwa amekwisha kua. Mtoto yule wa kiwandani wa mwaka wa 1833 alisimama mbele ya mganga bila shahidi; binti huyu atasimama mbele ya nani? Siku ya kuzaliwa iliyoandikwa haiwezi kusongezwa mbele na mjomba mwenye haraka ya mahari.

Kwa hiyo twaona ya kuwa daftari ni chombo, na chombo humtumikia aliyekishika. Mfalme alipolishika peke yake lilizaa kodi. Bwana wa kazi alipolishika lilizaa kipande. Lilipofunguliwa kwa watu wote ndipo lilipomlinda mtoto, likamtetea mjane, na kuonyesha bomba la maji lililokuwa likiua watu. Kulikimbia hakutuokoi na wakubwa. Wao watatuhesabu kwa njia nyingine. Iliyo njia bora ni kuingia sote, na kutaka karani aandike sawasawa.

Basi, kama nyumbani kwako amezaliwa mtoto, usingoje mpaka siku ya shule au ya kutafuta kitambulisho ndipo uanze kuhangaika. Sheria ya Tanzania Bara yataka mtoto aandikishwe katika muda wa miezi mitatu, na kifo katika muda wa mwezi mmoja. Nenda wewe mwenyewe, au mama wa mtoto, ukachukue karatasi ya zahanati. Karani akimaliza kuandika, mwombe akusomee: jina la mtoto, la baba, la mama, tarehe na mahali. Herufi moja iliyokosewa leo yaweza kumgharimu mwanao safari nyingi baadaye. Kisha kitunze cheti hicho mahali pasipo mchwa wala mvua. Waingereza wa kale waliweka chao katika sanduku la kufuli tatu. Wewe hata bati la majani ya chai lakufaa, maadamu lina kifuniko.

Mali bila daftari hupotea bila habari. Na mtoto ni zaidi ya mali.